Kuifuata ngeu hadi Kolo: siku sita kutoka Dar es Salaam

Babu yangu alikuwa fundi wa majahazi Pangani. Kwenye kapu lake la zana kulikuwa na kifuu cha nazi chenye unga mwekundu, na ndani ya unga ule umejikunja uzi wa pamba. Kabla ya kupasua ubao aliuloweka ule uzi, mimi nikashika ncha moja, yeye ya pili, kisha akaunyanyua katikati kwa vidole viwili na kuuachia. Pwa! Mstari mwekundu ulionyooka kuliko barabara. Unga huo ndio ngeu. Mafundi wa siku hizi wanapiga penseli, na nimekutana na maseremala wa Keko ambao neno lenyewe hawalijui.

Mimi nachora mabango na vibao vya maduka, na siku za njaa nachora twiga na tembo za kuuzia wageni. Rangi nyekundu ya kopo inaniaibisha: ukiweka bango upande wa jua la jioni, mwaka wa pili jekundu limeshakuwa kama maji ya bilinganya. Lakini mlango wa banda la uani nyumbani Pangani umetengenezwa kwa mbao alizoziacha babu, na una mstari wa ngeu mpaka leo. Yeye tulimzika 1994.

Kwa hiyo Julai nilipopata wiki tupu, nikaamua kwenda kuiangalia ngeu ya Kondoa, ile ya michoro ya kale iliyopo kwenye majabali tangu kabla hakujawa na Pangani. Haya nimeyaandika baada ya kurudi, kutoka kwenye daftari lililolowa chai na picha za simu.

Siku ya 1, Jumanne: Dar hadi Dodoma

Treni ya SGR, daraja la kawaida, 31,000. Usisahau kitambulisho, na usifike dakika za mwisho ukidhani ni daladala. Dada mmoja mbele yangu alibeba ndoo ya samaki wa kukaanga iliyofungwa kwa kanga, akasimamishwa kwenye ukaguzi, na maelezo aliyoyatoa kuhusu ndoo ile yalistahili tiketi yake mwenyewe. Walimpitisha.

Hadi Morogoro nililala. Baada ya Kilosa treni inaingia kwenye mahandaki, giza, masikio yanaziba, na ukitoka upande wa pili ardhi imebadilika. Kijani kimepungua, udongo umeanza kuwa na rangi ya tofali. Niliandika: "mwekundu wa kwanza, saa tano na dakika kumi." Mtu mzima na kazi zake anaandika vitu kama hivyo.

Dodoma nilichukua bajaji mpaka karibu na stendi ya Nanenane, nikalala gesti ya 25,000 yenye maji ya moto ya kweli. Julai Dodoma usiku kuna baridi, mtu wa Dar abebe sweta. Zabibu za 3,000 zilikuwa chakula cha jioni.

Siku ya 2, Jumatano: Dodoma hadi Kondoa

Mpiga debe aliapa kwamba gari linaondoka saa mbili. Tuliondoka saa nne na robo. Nauli 10,000, begi bure baada ya kubishana. Ushauri: usikate tiketi kwenye gari tupu hata kama injini inanguruma. Panda lililobakiza siti tatu, hata kama siti yenyewe iko juu ya tairi.

Lami ni nzuri. Barabara hii ya Dodoma hadi Babati, kilomita 251, ilizinduliwa Aprili 2018, na wazee kwenye gari bado wanaizungumzia kama mtu aliyepona ugonjwa. Mmoja alinisimulia safari ya siku mbili ya kwenda kumuuguza dada yake enzi za vumbi, na kila kilima tulichopita alikuwa anajua nani alikwama hapo na alikula nini.

Kabla ya Chemba, tairi. Spea ilikuwepo, jeki haikuwepo. Tukashuka, tukakaa chini ya mbuyu karibu saa nzima na nusu, na mama mmoja akafungua kapu lake, akagawa viazi vitamu vya kuchemsha kwa watu kumi na kitu bila kuuliza jina la mtu. Nilipotoa noti aliniangalia kama nimemtukana.

Hapo ndipo nilipokaa na kijana anayesoma jiolojia chuoni Dodoma, anakwenda kwao Bereko. Nikamweleza safari yangu, na kwa kuwa nilidhani nimeshajua, nikamwambia wataalamu watakuwa wameipima ile rangi na kujua umri wake. Akacheka kwa adabu.

"Kaka, ile rangi ni chuma na oksijeni. Kipimo cha kaboni kinataka kitu kilichowahi kuishi: mkaa, mfupa, ganda la yai. Ngeu haijawahi kuishi. Ukiiuliza umri, inanyamaza."

Kisha akachota mchanga kando ya barabara, akautawanya kiganjani, akanionyesha punje zinazong'aa. Kwatzi, alisema, yale mawe meupe ya kawaida kabisa yaliyosagika. Punje ya kwatzi ikifukiwa gizani huanza kuweka akiba. Udongo unaoizunguka una mionzi kidogo ya asili, na punje inaimeza, mwaka baada ya mwaka. Ikipigwa na jua, akiba yote inamwagika. Kwa hiyo watafiti huchukua mchanga bila kuuonyesha mwanga, wanaupeleka maabara, wanaumulika kwa mwanga maalumu, na punje inatoa mng'ao mdogo sana. Ukubwa wa mng'ao unasema imekaa gizani muda gani. Njia hiyo imetumika kwenye pango la Mumba, kule Eyasi.

"Kama kibubu," nikasema.

"Kibubu hasa. Na jua ndiye mtoto anayekivunja."

Akaupuliza ule mchanga kiganjani. "Hizi hapa zote sasa hivi zinasoma sifuri," akasema, na jeki ikaja kwenye lori la vitunguu.

Kondoa mjini tulifika jua limeshapoa. Chumba 20,000. Ugali wa uwele, mlenda na maharage 3,500 kwa mama lishe karibu na stendi. Mlenda wa huku si ule mzito wa kuvutana na kidole. Ni mwepesi, una karanga, na nikaongeza sahani.

Siku ya 3, Alhamisi: Kolo, na siku isiyokwenda nilivyopanga

Kondoa hadi Kolo ni kama kilomita 25 upande wa Babati. Noah ya kuchangia ilinibeba kwa 3,000, tukiwa kumi na mmoja, mimi na mtoto asiye wangu mapajani. Alilala mpaka Kolo, na suruali yangu ina ushahidi.

Ofisi ya mambo ya kale iko pale pale kijijini, kando ya barabara kuu. Ilikuwa imefungwa. Muuza duka akaniambia kiongozi wa wageni yuko msibani, amefiwa na jirani, na kwa sauti ya mtu anayesema jambo la kawaida akaongeza: "Nenda tu huko, watu wote wako huko."

Nikaenda. Mgeni akitokea msibani na begi mgongoni huulizwa ametoka wapi, na ukisema Dar unatafutiwa nafasi kwenye mkeka. Nikatoa rambirambi yangu kidogo, nikakaa na wanaume. Mzee wa pembeni yangu, nilipomwamkia shikamoo, aliushika mkono wangu asiuachie mpaka amejua ukoo wetu wote. Nikamwambia habari ya babu na uzi wa ngeu. Akaniambia wao utotoni walipigwa wakikutwa wanachezea majabalini, maana Mungomi, lile jabali la michoro, si mahali pa mchezo. Ni mahali pa kuombea mvua na kutibia watu, na mpaka leo wapo wanaopanda kule na kondoo na pombe ya mtama.

Kiongozi mwenyewe alinijia baada ya maziko. Hakuomba radhi wala sikuitaka. Akasema twende kesho alfajiri kwa sababu Ijumaa anataka awahi msikitini, na kwamba nitalala kwa shangazi yake. Nikasema nina hela ya gesti. Akasema shangazi ameshapika.

Kwa watakaokuja: anzeni na ofisi, msipande peke yenu. Kiingilio cha Mtanzania ni nafuu kuliko sahani mbili za wali kuku. Chukueni risiti. Kiongozi mpeni chake mkononi, na mbebe maji kutoka kijijini, juu hakuna hata kibanda.

Siku ya 4, Ijumaa: Mungomi wa Kolo

Saa kumi na mbili asubuhi, bodaboda mbili, 15,000 kila moja kwenda na kurudi na kusubiri. Njia inafuata mto wa mchanga, na mchanga wenyewe ukanipindua mara moja, taratibu, kama mtu anayelazwa na mama yake. Hakuna kilichovunjika isipokuwa chupa ya maji. Kisha unaacha pikipiki na kupanda kwa miguu, kama nusu saa kwa kiongozi, dakika hamsini kwangu.

Nilikuwa nimezoea neno "mapango" nikategemea shimo lenye giza. Si hivyo. Ni majabali makubwa yaliyoinama yakaacha kivuli, na michoro iko ukutani nje kabisa, mchana kweupe. Tambarare ya Wamasai iko mbali chini, ya rangi ya moshi. Eneo zima la urithi ni kilomita za mraba 2,336, UNESCO waliliandikisha 2006, na idadi ya majabali yenye michoro inakadiriwa kati ya 150 na 450. Mary Leakey, yule mtafiti wa mafuvu ya binadamu wa kale, alikaa huku miezi kadhaa mwaka 1951 akinakili michoro, moja baada ya moja, kwa mkono. Nikiwa mchoraji, hilo ndilo lililonipa heshima kwake kuliko mafuvu yote.

Mwanzoni sikuona kitu. Madoa tu. Kiongozi akaniambia nikae chini, ninyamaze, macho yazoee. Ikaja tembo. Halafu nyuma ya tembo akaja mtu mwembamba mno, mwili kama uzi, kichwa kikubwa cha duara chenye mistari, sijui ni nywele au kofia au kitu ambacho hatuna tena. Halafu wakaja wengi. Mchoraji amechora juu ya mchoraji mwingine, wa tatu juu ya wa pili, twiga amepita juu ya tumbo la pofu, yule mnyama mkubwa wa jamii ya swala, na hakuna aliyefuta cha mwenzake.

Nilisogea mpaka pua ikawa kama shubiri moja kutoka ukutani, mikono nimeifunga nyuma kama nilivyoamriwa. Kuna mstari mmoja wa mguu wa mtu ambao sijausahau. Unaanza mnene pajani, unapungua, unakatika kidogo mahali jiwe lina mbonyeo, na unaendelea upande wa pili bila kupotea njia. Mkono uliouchora haukutetemeka na haukurudia. Upana wake mwishoni ni wa brashi namba moja, ile ninayoifungia wino wa herufi ndogo. Rangi haijakaa juu ya jiwe kama rangi yangu inavyokaa juu ya bati. Imeingia. Jiwe limebanduka kwingine, lakini palipobaki jiwe, wekundu upo.

Michoro myekundu ni ya wawindaji na waokota matunda wa zamani, na Wasandawe, ambao leo wako Chemba upande wa Farkwa na Kwa Mtoro, ndio wanaohusishwa nayo zaidi. Miaka ya karibuni kiasi, 1971, mtafiti Eric ten Raa aliandika habari za Wasandawe ambao walikuwa bado wanaijua kazi hiyo. Ile myeupe, minene, iliyochorwa kwa kidole, ni ya wakulima waliokuja baadaye. Nitasema ukweli wangu: nyeupe haikunigusa. Ni kama mtu aliyekuta ukumbi umejaa akaamua kupiga kelele.

Miguuni petu kulikuwa na shimo, limechimbwa na kuachwa wazi, udongo umetupwa kando. Nikauliza ni la watafiti? Kiongozi akacheka bila furaha. "Mali ya Mjerumani." Wapo watu wanaoamini Wajerumani walifukia dhahabu chini ya majabali haya na kwamba michoro ni ramani. Wanakuja usiku na sururu.

Nikakumbuka kibubu cha yule kijana wa Bereko. Chini ya kila ukuta kama huu kuna mchanga uliofukiwa, punje zimekaa gizani zinahesabu, na ndizo zingeweza kutwambia tarehe, maana ngeu imenyamaza. Pale Kisese, si mbali na hapa, mwanaakiolojia Ray Inskeep alichimba kwa mpangilio mwaka 1956, na kutoka kwenye tabaka zake yamepimwa maganda ya mayai ya mbuni yenye zaidi ya miaka 40,000. Mtu wa sururu anatupa tabaka hizo zote juani kwa usiku mmoja. Asubuhi jua linatoka na kila punje inasoma sifuri. Na dhahabu hakuna.

Picha zangu tano tu ndizo zilizotoka vizuri. Asubuhi mapema au jioni ndiyo saa yake. Msipige flashi, na mtu asiwaambie mmwagie ukuta maji ili rangi iwake. Nimeona alama za michirizi ya watu waliofanya hivyo.

Tulirudi saa sita kasorobo. Kiongozi aliuwahi msikiti akiwa na vumbi mpaka nyusi.

Siku ya 5, Jumamosi: jikoni kwa shangazi

Nilikuwa nimepanga kwenda Pahi, kwenye majabali mengine ya michoro. Sikuenda. Asubuhi nilimwambia shangazi nataka kuona ngeu inatoka wapi, akaniuliza, "Mwanangu, umepanda mlima wote ule kuutafuta udongo?" Akanipa jembe na mfuko.

Nyuma ya nyumba, nje kabisa ya eneo la hifadhi, kuna korongo. Kondoa ina sifa ya makorongo. Ardhi ililiwa na maji na kwato mpaka serikali ikaanzisha mradi wa HADO, yaani Hifadhi Ardhi Dodoma, mwaka 1973, na 1979 mifugo yote ikaondolewa kwenye eneo lililoharibika. Shangazi alikuwa msichana. Anakumbuka ng'ombe wa baba yake wakiondoka kwa mstari, na baba yake amekaa kizingitini hasemi. Miti ilirudi baadaye, alisema, lakini maziwa ya siku zile hayakurudi. Kwenye ukuta wa korongo unaona tabaka kama keki: kijivu, nyekundu, na chini mshipa wa njano.

Mimi nilichimba nyekundu. Yeye akanirekebisha: chukua njano.

Marehemu mama yake alikuwa mfinyanzi, na vyungu vyake alivipaka rangi hivi hivi. Tuliuponda ule udongo wa njano, tukauweka juu ya gae la chungu kilichovunjika, gae likakaa juu ya makaa. Dakika za kwanza hakuna kitu, ila harufu kama ya mvua ya kwanza. Kisha kingo zikaanza kuwa na rangi ya chungwa bovu. Akaugeuza kwa kijiti. Chungwa likaingia katikati, kingo zikawa nyekundu, na kabla chai haijachemka kwenye figa la pili, gae zima lilikuwa na ngeu. Ile ile ya kwenye kifuu cha babu. Nilisimama na kijiti mkononi kama mtoto.

Udongo wa njano ni kutu yenye maji ndani yake, moto unayafukuza, inabaki kutu kavu. Haya nilikuwa nimewahi kuyasikia. Ambacho sikuwa nimekifikiria ni kwamba jekundu la kopo langu lina kitu ambacho jua bado linaweza kukivunja. Kutu imeshamalizana na hewa. Jua lije limle nani?

Tulisaga juu ya jiwe lake la kusagia, tukachekecha kwa kipande cha mtandio, nikanunua mayai matatu kwa 1,500, nikachanganya unga na kiini na maji kidogo. Nikamchorea kuku wake ukutani jikoni, juu ya kinu. Akamwangalia sana.

"Mkia umekosea," akasema.

Nikausahihisha.

Siku ya 6, Jumapili: kurudi

Basi la kutoka Babati lilisimama barabarani Kolo saa mbili na nusu, nilisimama mpaka Kondoa, nikapata siti, nikawahi treni ya jioni Dodoma. Shangazi alikataa hela, ila alikubali sukari kilo tano niliyoituma kwa muuza duka. Kiongozi alinipigia nikiwa Morogoro kuuliza kama nimefika.

Safari nzima ilinigharimu kama laki mbili na nusu, zawadi zikiwemo. Anayetaka kupunguza alale Kondoa badala ya Dodoma siku ya kwanza, ingawa atafika amechoka.

Ngeu niliyorudi nayo inajaza kopo moja la maziwa ya unga. Kwenye ukuta wa karakana, upande wa magharibi unaochomwa na jua, nimepaka mistari miwili ya kidole kimoja kimoja: wa kushoto ni rangi ya kopo, wa kulia ni udongo wa shangazi. Chini yake nimeandika tarehe kwa penseli. Mwanafunzi wangu ameniuliza tutaangalia lini. Nikamwambia aanze kwa kuosha brashi.